Mohamed Amin, mfanyakazi wa kamera

Ndugu wachimbaji, mama zetu, na watoto munaosomea wazee gazeti hili jioni, leo hatusemi juu ya bei ya dhahabu wala juu ya makaratasi ya karieri. Tunaleta maisha ya mtu moja wa kazi. Hakushika sururu hata siku moja, lakini tukiangalia vile alilipwa, vile alitafuta njia ya kuingia mahali walimkataza, na vile kazi ilimkata mwili, sisi wa sendika tunaona ni mwenzetu kabisa.

Jina lake ni Mohamed Amin. Asimchanganye mtu na Idi Amin wa Uganda, hawakuwa ndugu. Huyu alikuwa mtoto wa Nairobi, mpiga foto na mpiga kamera, na marafiki walimwita Mo. Alikufa mwaka 1996. Vijana mingi wa Bulengera hawajui jina lake. Lakini sisi tulipokuwa watoto, tukibakiza chakula kwenye sahani, wazazi walitukumbusha watoto wa Ethiopia wenye kufa njaa. Ile njaa dunia iliiona kwa kamera ya huyu Mo.

Alizaliwa Nairobi mwaka 1943. Baba yake alitoka Punjab, kule Uhindi, akaja Kenya kufanya kazi ya reli. Basi tangu mwanzo ilikuwa nyumba ya mfanyakazi, si ya tajiri. Mwaka 1952 kazi ya baba ilihamia Dar es Salaam, jamaa yote ikafuata. Kule Dar, Mo akiwa bado mtoto wa shule, alipata aparei ndogo ya foto, ya mtumba, yenye umbo la kasanduku. Kwa mtoto wa reli, ile haikuwa mchezo. Kila foto ilikula feza ya filme na feza ya kuisafisha. Njo maana alijifunza mapema kitu ambacho kila mchimbaji anajua: usipige mahali bila kuangalia kwanza, juu kila pigo iko na bei yake.

Mwaka 1963 akafungua kampani yake, Camerapix, pale Dar es Salaam. Alikuwa na miaka 20. Kampani ni neno kubwa. Ilikuwa kijana na kamera zake, basi. Alikuwa anauza foto kwa magazeti na filme kwa televisheni za ngambo, mmoja mmoja. Hakukuwa mshahara wa mwezi. Ukileta picha nzuri, na imefika mbele ya ingine, unalipwa. Ukichelewa, filme yako ni takataka. Wachimbaji wetu wanaolipwa kwa gramu, si kwa siku, wanaelewa maisha ya namna hiyo bila kufundishwa.

Tuseme kidogo juu ya chombo chenyewe, kwa sababu maisha ya Mo ni pia maisha ya kamera, na kamera ilibadilika mara mingi katika miaka yake. Siku za kwanza alikuwa na Bolex, kamera ya filme ya milimita 16. Haikuwa na batri. Unaikaza springi kwa mkono, kama saa ya zamani, inatembea karibu nusu dakika, inasimama, unakaza tena. Roli moja ya mita 30 haifiki dakika tatu. Picha ni nyeusi na nyeupe, na sauti haimo. Kisha kupiga, hauoni kitu. Unafunga filme kwenye mkebe, unatafuta ndege, mkebe unaenda London, kule wanaisafisha, wanaikata, wanaionyesha. Wewe uliyepiga unabaki Afrika bila kujua kama kazi yako ilitoka vizuri ao iliharibika. Ni sawa vile kutuma mzigo Kampala bila simu.

Na chombo hicho, Mo aliingia katika mambo makubwa. Tarehe 12 Januari 1964, mapinduzi yalitokea Zanzibar, Sultani akakimbia. Mo alivuka bahari kwenda kule, akawa kati ya watu wa kwanza kutoa picha za mapinduzi ile. Juma moja kisha, askari wa Tanganyika wenyewe waliasi pale Dar, na Mo alikuwa tena barabarani na kamera.

Hapa tunasimama kidogo, juu kuko kamera ingine ya mwaka ule tunapaswa kuisema. Waitalia wawili, Gualtiero Jacopetti na Franco Prosperi, walikuwa wanazunguka Afrika kutengeneza sinema, na mpiga kamera wao alikuwa Antonio Climati, fundi mkubwa wa kazi yake. Zanzibar waliipiga kutoka juu, ndani ya ndege. Kisha walifika hapa kwetu Kongo, wakatembea pamoja na mamluki waliokuwa wanapigana na Wasimba. Sinema yao ilitoka mwaka 1966, jina lake Africa Addio. Jacopetti alishitakiwa kwao kwamba watu waliuawa Kongo kwa kupendeza kamera, hakimu wakamwachilia. Hatufungui tena ile kesi. Tunasema paka jambo moja: yule fundi alikuwa anaona Mwafrika kwa umbali, halafu anaenda zake. Mo hakuwa na mahali pa kwenda. Watu aliopiga picha walikuwa majirani wa baba yake. Akikosea, au akiudhi serikali, ni yeye na jamaa yake watalipa.

Na alilipa. Zanzibar, kisha mapinduzi, wakomunisti kutoka ngambo walikuwa wanafundisha askari kwenye makambi. Mo alipiga filme ya makambi ile, ikaonyeshwa ngambo, wakubwa hawakufurahi. Mwaka 1966 walimkamata alipokuwa Zanzibar, wakamtia buloko karibu mwezi nzima, wakamtesa. Alipotoka hakuweza tena kuishi Tanzania. Aliacha kile alichojenga Dar, akarudi Nairobi, mji wa kuzaliwa kwake, akaanza upya. Mkewe Dolly alikuwa pamoja naye katika kazi ile ya kuanza upya, na mtoto wao Salim kisha akakua ndani ya kampani.

Nairobi, tarehe 5 Julai 1969, ilikuwa siku ya posho. Tom Mboya alitoka kwenye duka la dawa katikati ya mji, akapigwa masasi. Sisi wa sendika tunalijua jina la Mboya vizuri. Mbele ya kuwa waziri, yeye njo alikuwa kiongozi wa masendika ya Kenya wakati wa wakoloni, alipokuwa bado kijana. Mo alifika upesi sana, akapiga picha wakati watu walikuwa bado wanajaribu kuokoa maisha ya Mboya. Zilikuwa picha ngumu. Lakini bila zile picha, kifo cha mtu wa wafanyakazi kingebaki paka maneno ya serikali. Kwa kazi ile alipata kule Uingereza zawadi ya mpiga kamera wa televisheni wa mwaka.

Miaka ya 70 ilileta rangi. Televisheni za Ulaya na Marekani hazikutaka tena nyeusi na nyeupe, na filme ya rangi ilikuwa bei kali na ngumu zaidi: ukikosea mwangaza, kila kitu kimeharibika. Kamera zenye kushika sauti nazo zilikuja, nzito, na pamoja nazo fundi wa sauti, mtu wa pili anayetembea karibu na mpiga kamera, kamba ikiwafunga wote wawili. Mumukumbuke yule mtu wa pili, tutarudi kwake.

Katika miaka ile Mo alifanya kazi mingi, zaidi kwa Visnews, shirika la London lenye kuuzia televisheni za dunia habari. Alipiga picha za Wahindi wa Uganda waliofukuzwa na Idi Amin mwaka 1972, watu sawa na jamaa yake mwenyewe, wakibeba masanduku. Mwaka 1980, Idi Amin mwenyewe akiwa mkimbizi Saudi Arabia, Mo na Brian Barron wa BBC njo walimpata kule, wakamuweka mbele ya kamera. Mo aliingia na kamera hata Maka, alikokwenda kama mwislamu, akatoa filme na kitabu juu ya hija. Vitabu vyake vya foto za Kenya vilijaa maduka ya Nairobi.

Kisha video ikaingia. Filme ya kusafisha ikafa katika kazi ya habari. Sasa kulikuwa kaseti: unapiga, unarudisha nyuma, unaangalia palepale. Wapiga kamera wa zamani wengi waliona ile mashini ni ya watu wavivu, wakabaki nyuma. Mo hakubaki. Alikuwa mtu wa kutaka chombo kipya mbele ya wengine, si kwa majivuno, lakini kwa sababu yule anayetuma haraka njo anakula.

Na kaseti za video njo zilibeba jina lake kwa dunia nzima. Mwaka 1984, kaskazini mwa Ethiopia mvua ilikatika, na vita vilikuwa vinaendelea Tigray na Eritrea. Serikali ya Mengistu, mwezi wa Septemba, ilikuwa inafanya sikukuu kubwa ya miaka 10 ya mapinduzi yake. Haikutaka watu waone njaa. Kupata kibali ilikuwa vita ya peke yake, na Mo, mwenye kujua maofisi ya Addis Ababa na watu wake, alipigana nayo mpaka akashinda. Mwezi wa Oktoba alifika Korem na Mekelle pamoja na Michael Buerk, mwandishi wa BBC. Asubuhi, baridi ya milima ikiwa bado kali, alikuta watu maelfu wamelala chini, na wengine hawakuamka tena. Akapiga picha polepole, karibu, kwenye uso wa watu, bila kukimbia.

Tarehe 23 Oktoba 1984 BBC ilionyesha ile kazi. Kisha zaidi ya vituo 400 vya televisheni katika dunia viliionyesha. Wanamuziki wa Uingereza wakaimba kwa kutafuta feza ya chakula, na tarehe 13 Julai 1985 kulikuwa konseri kubwa ya Live Aid, London na Philadelphia siku moja. Ndege za chakula zilitua. Watu wengi waliokoka wanaishi mpaka leo juu ya zile dakika chache za kaseti.

Lakini sisi tunaoishi Kivu tunapaswa kusema pia upande ule mwingine. Picha ilionyesha njaa, haikuonyesha bunduki. Wazungu wengi waliona ni mvua tu iliyokosa, wakati vita na serikali vilikuwa na mkono mkubwa. Na tangu siku ile, ngambo wakisema Afrika, wanaona mtoto mwenye mifupa. Sisi wenyewe tuliona makamera yalivyojaa Goma mwaka 1994, wakimbizi walipovuka kutoka Rwanda, na vile yalivyoondoka. Kosa si la mpiga kamera peke yake. Yeye alileta kile alichokiona. Lakini ni vizuri mtoto wetu ajue: picha inaweza kuwa ya kweli na bado isiseme yote.

Sasa tunafika kwa yule mtu wa pili. Mwisho wa Mei 1991 Mengistu alikuwa amekimbia na waasi wakaingia Addis Ababa. Mo alikuwa pale na kamera, pamoja na fundi wake wa sauti, Mkenya, jina lake John Mathai. Siku chache kisha, mwanzoni mwa Juni, depo kubwa ya masasi ililipuka ndani ya mji. Wao walikwenda kupiga picha za moto. Mlipuko mwingine ukaja. John Mathai alikufa palepale. Mo alivunjika mkono wa kushoto vibaya sana, na daktari wakaukata.

Wachimbaji wetu wanajua baruti. Wanajua kwamba mlipuko wa kwanza si wa mwisho, na kwamba anayerudi haraka kwenye shimo njo anayebaki. Mo na Mathai walikuwa na kazi ya kukaribia moto, hatuwahukumu. Tunataka paka kusema hivi: dunia nzima ilisikia juu ya mkono wa Mo. Juu ya uhai wa Mathai ilisikia kidogo sana. Ukitafuta maisha ya Mo utakuta vitabu na sinema. Ukitafuta ya Mathai utakuta mstari moja. Walikuwa kwenye kazi moja, siku moja, hatua chache kati yao.

Mo hakuacha. Alipata mkono wa mashini, wenye kufungua na kufunga, akajifunza kushika kamera upya kama mtoto anajifunza kutembea. Mbele ya mwaka kuisha alikuwa kazini tena. Visnews ilikuwa imeingia mikononi mwa Reuters, na picha zilianza kuruka kwa setilaiti, si tena kwa mkebe ndani ya ndege. Mo akaanzisha kipindi cha televisheni, Africa Journal, kilichofanywa na Waafrika wenyewe, juu ya maisha yote ya Afrika, si juu ya vita na njaa tu. Sisi tunaona ile ilikuwa jibu lake mwenyewe kwa shida tuliyosema juu ya picha za 1984.

Novemba 1996, hapa kwetu vita vya AFDL vilikuwa vimeanza, Goma ilikuwa imeanguka, hakuna mtu wa Butembo aliyekuwa na nafasi ya kusikia habari ya ndege ya mbali. Tarehe 23 mwezi ule, Mo alipanda ndege ya Ethiopian Airlines kutoka Addis Ababa kurudi nyumbani Nairobi, pamoja na Brian Tetley, mwandishi aliyefanya naye vitabu mingi. Vijana watatu waliiteka ndege, wakalazimisha iende Australia. Rubani, Leul Abate, aliwaeleza kwamba mafuta hayatoshi. Hawakusikia. Mafuta yakaisha juu ya bahari, karibu na Komoro. Waliookoka wamesema Mo alikuwa amesimama, akijaribu kuongea na watekaji na kuwatia moyo abiria. Ndege iligonga maji karibu na pwani, ikavunjika. Walikuwa watu 175. 125 walikufa, na Mo na Tetley kati yao. Wengine walikufa kwa sababu walijaza hewa jakéti za kuokoa mbele ya kutoka, maji yakaingia, jakéti zikawabana juu ndani ya ndege. Chombo cha kuokoa, kikitumiwa mbele ya wakati, kiliua. Hilo pia mulikumbuke mutakapopewa vyombo vya usalama bila kufundishwa kuvitumia.

Na kuko jambo moja la mwisho. Kwenye mchanga, mtalii moja alikuwa na kamera ndogo ya video, ile ya mkononi. Aliona ndege inashuka, akapiga. Zile sekunde chache zilizunguka dunia nzima. Mtu aliyeanza na springi ya kukaza na mkebe wa kutuma London, kifo chake kilipigwa na mtu asiye na kazi ya kamera, aliyekuwa amekuja kuogelea. Wakati wa Mo ulifungwa pale, na wakati wetu ukaanza.

Juu leo kila kijana anayeshuka karieri iko na simu, na simu iko na kamera kushinda Bolex ya Mo. Na tunafanya nayo nini? Tunapiga maiti, tunatuma kwa marafiki, kesho tumesahau. Miaka fulani shimo lilianguka mahali tulipokuwa tunafanya kazi. Picha zilikuwa mingi. Lakini hakuna hata moja iliyoonyesha miti iliyooza ya kushikilia shimo, na hakuna aliyekuwa ameandika majina ya walioshuka asubuhi. PDG wa shimo akasema marehemu hakuwa mtu wake. Mjane alirudi nyumbani mikono mitupu, na sisi hatukuwa na cha kuweka mezani.

Tangu pale, katika sendika yetu tumepatana hivi. Asubuhi, mbele ya kushuka, mmoja anapiga foto ya karatasi ya majina yote: mchimbaji, mbebaji, mwenye kuvuta maji, hata mtoto wa kuleta chai. Shida ikitokea, kwanza tunaokoa watu. Kisha tunapiga mahali penyewe, miti, kamba, mlango wa shimo, na tarehe, mbele udongo haujasogezwa. Uso wa marehemu hatuupigi, na hatutumi kwa watu. Picha zinakaa kwa sendika na kwa jamaa yake.

Ni kazi ndogo, na Mo aliifanya miaka zaidi ya 30 katika hatari: kufika, kukaribia, kurudi na ushahidi. Tunamheshimu. Na tunaweka jina la John Mathai karibu na jina lake, kwa sababu kwenye karatasi yetu ya asubuhi hakuna mtu wa pili.